Kidole Hakimwinui Ndege: Fizikia ya Gemu za Kuruka kwenye Kivinjari

Mtazame mtu anayeanza kucheza gemu ya kuruka, ile ya ndege anayepita katikati ya mabomba. Macho yake hayamwachi ndege. Ndege akishuka, anagonga kioo. Akishuka tena, anagonga mara tatu kwa hofu, ndege anapaa na kujipiga kwenye bomba la juu. Mchezaji anasonya, anaanza upya na kurudia kosa lilelile. Mwisho anakwambia simu ni mbovu, au gemu inaiba.

Simu inaweza kuwa na lawama yake, nitaifikia. Lakini shida kubwa ni imani kwamba kidole kinamwinua ndege, kwamba ukigonga unampeleka mahali. Sivyo. Kidole hakigusi mahali alipo ndege. Kinagusa kasi yake. Mahali alipo ni matokeo tu ya kasi hiyo muda unavyokwenda. Tofauti hii ndiyo inayomtenganisha mtu anayekwama kwenye pointi nane na yule anayefika themanini huku anapiga soga na wenzake.

Mambo huvurugika zaidi kwa sababu gemu hizi ziko za namna tatu, zinafanana kwa sura, na kidole kina kazi tofauti katika kila moja. Ya kwanza ni ya kugonga: kila mguso unafuta kasi iliyokuwapo na kuweka mpya. Ya pili ni ya kushikilia, kama zile za helikopta pangoni: ukibonyeza inapanda, ukiachia inashuka. Ya tatu ni ya kunyiririka, ambapo unarushwa kutoka mlimani kisha unaongoza pembe ya pua. Aliyezoea moja akihamia nyingine na mazoea yake yaleyale, ataanguka vibaya kuliko mtu asiyewahi kucheza kabisa.

Ndani ya gemu ya kugonga

Namna hii ilipata umaarufu kupitia Flappy Bird, ambayo Dong Nguyen wa Vietnam aliitoa Mei 2013. Ilitulia miezi kadhaa, ikalipuka mwanzoni mwa 2014, na Februari mwaka huohuo akaiondoa madukani kwa hiari yake. Ilikuwa ya simu, lakini watu waliinakili kwa ajili ya vivinjari kwa haraka ya ajabu, kwa sababu hesabu yake ni fupi mno. Kila mara picha inapochorwa upya, programu inafanya mambo mawili: inaongeza mvuto kwenye kasi, kisha inaongeza kasi kwenye mahali. Ukigonga, inaandika kasi mpya ya kwenda juu. Basi.

Aliyesoma fizikia hadi Senior Four (kidato cha nne) atakumbuka v = u + at na s = ut + ½at², kanuni za kasi na umbali wa kitu ambacho kasi yake inabadilika. Wengi wetu tulizikariri kwa ajili ya mtihani tukazitupa. Hapa zina kazi.

Tuchukue namba za mfano, zinazokaribia zile wanazotumia waandishi wengi wa gemu hizi. Picha zinachorwa mara 60 kwa sekunde, na kila picha tuiite fremu. Kila fremu, mvuto unaongeza kasi ya kushuka kwa pikseli 0.25 (pikseli ni kidoti kimoja cha picha kwenye kioo). Kila mguso unaweka kasi ya kupanda kuwa pikseli 5 kwa fremu. Gawa 5 kwa 0.25 unapata fremu 20: theluthi moja ya sekunde ndege yuko kileleni. Amepanda pikseli 50 hivi. Theluthi nyingine ya sekunde na amerudi pale alipogongwa. Kwa hiyo ukigonga kila fremu ya 40, yaani mara 90 kwa dakika, ndege anabaki kwenye kimo kilekile akipanda na kushuka, na unaweza kufumba macho kama hakuna mabomba.

Usipogonga, angalia kinachotokea. Kutoka kileleni, fremu 20 za kwanza anashuka pikseli 50. Fremu 20 zinazofuata anashuka 150. Muda ni uleule, umbali ni mara tatu. Ndiyo maana unasikia ndege "ameanguka ghafla" ilhali hakuna ghafla yoyote. Kasi ilikuwa inajikusanya tangu mwanzo na jicho halikuiona.

Sasa jambo linalowapita wengi. Mguso haupunguzi kasi ya kuanguka kidogo kidogo, unaifuta yote. Ndege awe anashuka kwa pikseli 2 au 10 kwa fremu, mguso mmoja unamweka kwenye 5 kwenda juu, palepale. Hivyo hakuna haja ya kugonga mara mbili ili "kuokoa" mwanguko mkubwa. Mguso mmoja unatosha daima. Huo wa pili, ule wa hofu, ndio unaokupeleka kwenye bomba la juu, maana unafuta kasi ya kupanda iliyokuwa inaanza kupungua na kuirudisha kwenye 5. Ukigonga tena baada ya fremu tano, ndege atafika kama pikseli 72 badala ya 50. Pikseli hizo 22 za ziada ndizo kaburi lake.

Na nafasi kati ya mabomba ni ndogo kuliko inavyoonekana. Tuseme uwazi ni pikseli 100 na ndege ana kimo cha 24. Zimebaki 76. Mruko mmoja unakula 50. Zimebaki 26. Hizo 26 ndizo uhuru wako wote. Kama ukigonga ukiwa ndani ya uwazi, tumbo la ndege linatakiwa liwe ndani ya pikseli 26 juu ya mdomo wa bomba la chini. Zaidi ya hapo kichwa kitagonga juu. Kwa hiyo lengo la macho si ndege, wala si katikati ya uwazi kama watu wanavyoshauriana. Lengo ni mdomo wa bomba la chini. Ukiukazia macho huo na kugonga tumbo likiukaribia, bomba la juu linajitunza lenyewe.

Hesabu ya upana inaunga mkono jambo hilo. Bomba likiwa na upana wa pikseli 52, ndege 34, na mandhari ikisogea pikseli 2 kwa fremu, ndege anakaa ndani ya bomba fremu 43. Mruko mzima, kupanda na kurudi, ni fremu 40. Maana yake ukiingia ukiwa chini na kugonga mara moja mlangoni, utachora upinde mmoja na kutokea upande wa pili karibu na kimo kilekile. Mguso mmoja kwa bomba moja. Ukiona unahitaji mitatu ndani ya bomba, uliingia vibaya. Kosa lilifanyika nyuma, kabla ya mlango.

Kosa linafanyika kabla ya bomba

Jicho likiona hatari, ubongo ukaamua, kidole kikashuka, robo ya sekunde imekwisha kwa mtu wa kawaida. Hizo ni fremu 15. Ndege aliyekuwa akishuka kwa pikseli 5 kwa fremu atakuwa ameshuka zaidi ya pikseli 100 katika muda huo, yaani zaidi ya uwazi wote. Ongeza ucheleweshaji wa kioo cha simu yenyewe. Kwa hiyo kusubiri uone ndiyo ugonge hakuwezekani, hata uwe na mikono ya kipa wa The Cranes, timu ya taifa ya Uganda. Wachezaji wazuri hawana kasi ya ajabu. Wanaamua mapema, wakiwa wanajua ndege atakuwa wapi baada ya nusu sekunde.

Mtihani mkubwa ni bomba la juu likifuatwa na la chini sana. Tuseme unatakiwa kushuka pikseli 150 na ugonge chini kabisa. Ukiacha ndege aanguke moja kwa moja kutoka kileleni, atafika akiwa na kasi ya karibu pikseli 9 kwa fremu. Ukikosea kwa fremu tatu tu, ambazo ni sehemu moja ya ishirini ya sekunde, umekosea kwa pikseli 26. Uhuru wako wote umeliwa na kosa ambalo hakuna binadamu asiyelifanya.

Dawa yake ni kuvunja mwanguko vipande viwili. Ukishatoka tu kwenye bomba la juu, acha ndege aanguke sana, mapema, angali hewani ambako hakuna cha kugonga. Kisha mguse mara moja kabla ya kufika, apande kidogo, halafu aingie kwa mwanguko mfupi. Mwanguko wa pikseli 50 unafika na kasi ya 5 tu kwa fremu. Kosa lilelile la fremu tatu sasa ni pikseli 16 au chini, na bado uko salama. Inahitaji ujasiri kuacha ndege aanguke kuelekea ardhini huku bomba bado liko mbali. Mwili wote unataka kugonga. Usigonge.

Kupanda ni rahisi zaidi, kwa sababu kuna kikomo: ndege hawezi kupanda kwa zaidi ya 5 kwa fremu hata ugonge kama mwehu, ilhali mwanguko unazidi kuongezeka (waandishi wengine huweka kikomo hapo pia, lakini kiko juu). Nikiulizwa nisimame wapi nikisubiri bomba ambalo halijaonekana, jibu langu ni chini ya katikati. Kutoka chini kwenda juu unakwenda kwa miguso mifupi unayoihesabu. Kutoka juu kwenda chini unakwenda kwa mwanguko.

Jambo moja zaidi kuhusu ndege mwenyewe. Akianguka, pua yake inainama, akipanda inainuka. Hiyo mara nyingi ni mapambo. Umbo ambalo programu inalipima kuona kama amegonga bomba, kwa kawaida ni mstatili au duara lisilogeuka, na mara nyingi ni dogo kidogo kuliko picha. Ndiyo maana wakati mwingine mbawa inapita ndani ya bomba na bado unaishi. Usilie siku ambayo mambo ni kinyume.

Kwa nini rekodi inadanganya

Jamaa akikuonesha rekodi ya 50 wakati wewe hujawahi kupita 20, unadhani yuko mbali sana nawe. Huenda hayuko mbali hata kidogo.

Chukua mtu anayepita kila bomba kwa uwezekano wa asilimia 90. Kwa wastani atapata pointi 9. Mwenye asilimia 95 atapata 19. Mwenye 98 atapata 49, na mwenye 99 atapata 99. Angalia pengo hilo: kutoka 98 hadi 99 ni kosa moja chini katika mabomba mia, na pointi zimeongezeka mara mbili. Huko juu, kuboresha kidogo kunalipa sana. Huku chini unajitahidi wiki nzima huoni kitu. Na yule wa asilimia 90 akicheza mara mia mbili, anaweza kutegemea kufika 50 mara moja hivi kwa bahati tu. Hiyo moja ndiyo atakayopiga picha na kuituma kwenye kundi la WhatsApp.

Kwa hiyo ukitaka kujua kama unaendelea, acha kutazama rekodi. Tazama raundi zako kumi za mwisho, uchukue ile ya katikati. Na kila ukifa, jiulize swali moja tu: nimegonga juu au chini? Ukifa chini mara nyingi, unachelewa, au unaingia na mwanguko mrefu. Ukifa juu, ni kile kidole cha pili cha hofu. Mtu ambaye vifo vyake vyote viko upande mmoja ana kosa moja, na kosa moja hurekebishika. Anayekufa pande zote sawasawa anahitaji usingizi.

Lawama ya simu

Niliahidi. Nimekaa kwenye steji, yaani kituo cha usafiri, ambako madereva wawili walikuwa wanagombania ukurasa uleule wa gemu, mmoja kwenye simu ya Itel ya zamani, mwingine kwenye simu mpya yenye kioo cha kasi. Wa Itel alijaribu simu ya mwenzake, akafa kabla ya bomba la kwanza. "Kaka, hii yako imetiwa pilipili," alisema, akairudisha. Mwenye simu akacheka, akamwambia uzee umeanza kumwingia.

Wa Itel alikuwa na hoja. Rudi kwenye ile hesabu: kila fremu ongeza mvuto, kila fremu songa. Kama mwandishi amefunga hesabu kwenye fremu, basi kioo kinachochora mara 120 kwa sekunde kinaendesha gemu kwa kasi mara mbili ya kile cha 60. Na simu dhaifu inayoshindwa, ikashuka hadi fremu 30, inaendesha gemu nusu ya kasi, kila kitu kinaelea polepole kwa huruma. Waandishi makini huzuia hili kwa kupima muda halisi uliopita kati ya fremu na kuzidisha kwa huo. Lakini gemu nyingi za bure hazikuandikwa kwa umakini huo. Kama simu yako inakuruhusu kuchagua kasi ya kioo kwenye mipangilio, iweke 60 uone kama ndege anatulia.

Halafu kuna hali ya kuokoa betri. Huku kwetu watu wengi wanaiwasha asubuhi na kuisahau, maana hujui umeme utakuwapo jioni au la. Hali hiyo inaweza kupunguza nguvu ya kichakataji na kasi ya kioo, na mbaya kuliko upole ni kutokuwa sawa: fremu 60, kisha 40, kisha 55. Kidole kinaweza kuzoea mdundo wa haraka, kinaweza kuzoea wa polepole, lakini hakiwezi kuzoea mdundo unaobadilika. Kama unataka kucheza kwa dhati, izime kwa dakika hizo kumi, ufunge pia kurasa nyingine zilizo wazi.

Kuna pia swali la lini simu inahesabu kwamba umegonga. Baadhi ya gemu zinasikiliza kidole kikishuka. Nyingine, zilizoandikwa awali kwa ajili ya panya wa kompyuta, zinasubiri kidole kiinuke. Kwenye hizo za pili, mtu anayebonyeza kwa kukandamiza anajichelewesha mwenyewe. Ni rahisi kuzijua: weka kidole, usikiinue. Ndege akiruka palepale, ni ya kwanza. Akisubiri hadi uinue, jifunze kugusa kama unajichoma. Miaka ya nyuma vivinjari vya simu vilikuwa hata vinangoja kama theluthi moja ya sekunde baada ya kila mguso, kuona kama utagusa tena ili kukuza ukurasa. Chrome iliondoa subira hiyo mwaka 2014 kwa kurasa zilizopangwa kwa ajili ya simu, lakini kwenye ukurasa wa kale uliotengenezwa kwa kompyuta tu, bado unaweza kukutana nayo. Gemu ya namna hiyo iache, ikacheze yenyewe.

Hedifoni za Bluetooth zinachelewesha sauti. Ukijifunza mdundo kwa kusikiliza mlio wa bawa, utakuwa unafuata mlio uliopitwa na wakati. Tumia za waya au zima sauti.

Helikopta na deni la kasi

Tuhamie gemu ya kushikilia. Hapa kidole hakiweki kasi, kinaongeza kasi. Ukibonyeza, kasi ya kupanda inakua kila fremu. Ukiachia, inapungua hadi inageuka kuwa ya kushuka. Hakuna mguso wa uchawi unaofuta yaliyopita. Kila fremu uliyoshikilia ni deni litakalolipwa.

Tuseme kubonyeza kunaongeza 0.2 kwenda juu na kuachia kunaongeza 0.2 kwenda chini. Umeshikilia nusu sekunde, fremu 30. Kasi ni 6 kwenda juu na umepanda pikseli 90. Sasa dari liko karibu, unaachia. Helikopta haisimami. Itachukua fremu nyingine 30 kumaliza kasi hiyo, na katika fremu hizo itapanda pikseli 90 nyingine. Ni kama kusukuma toroli la matofali kwenye mteremko: kulianzisha si kitu, shughuli ni kulisimamisha.

Kutokana na hesabu hiyo kanuni inajitokeza yenyewe: nguvu mbili zikilingana, ukitaka kupanda umbali fulani na kutulia hapo, shikilia nusu ya kwanza tu na uachie nusu iliyobaki. Wanaoanza huachia wanapofika. Wamechelewa kwa nusu nzima ya safari. Na kutulia kwenyewe hakupatikani kwa kushikilia wala kuachia, kunapatikana kwa vibonyezo vifupi vinavyofuatana, muda wa kubonyeza ukilingana na wa kuachia. Kwenye kompyuta tumia kitufe cha nafasi kwenye kibodi badala ya panya, kidole kikiwa kimelala juu yake muda wote.

Ukitoka kwenye gemu ya kugonga ukaja hapa, utashikilia kidogo mno kisha kwa hofu utashikilia sana. Zicheze siku tofauti.

Kaloli na pengwini

Namna ya tatu ndiyo ninayoipenda, na ndiyo iliyo karibu na kuruka kwa kweli. Mfano wake mkongwe ni Learn to Fly ya 2009, ya pengwini anayejirusha kutoka kwenye mteremko wa barafu ili athibitishe kwamba anaweza kuruka. Gemu hizi nyingi ziliandikwa kwa Flash, teknolojia ya zamani ya gemu za kivinjari, ambayo Adobe iliacha kuihudumia mwishoni mwa 2020. Zinazochezeka leo zimeandikwa upya au zinapitishwa kwenye programu kama Ruffle inayoiga Flash ndani ya kivinjari.

Hapa unachoshughulika nacho ni akiba ya nishati, iliyo katika sura mbili: kimo na kasi. Ukiinamisha pua unauza kimo na kununua kasi. Ukiinua pua unauza kasi na kununua kimo. Ukinzani wa hewa unakata ushuru kwenye kila biashara, na ushuru huo unakua na mraba wa kasi: kasi mara mbili, ukinzani mara nne. Kwa bei za dunia halisi, mita 20 kwa sekunde zina thamani ya mita 20 hivi za kimo, kabla ya ushuru.

Hivyo yule anayepiga mbizi kali kisha kuinua pua hadi mbinguni, akirudia na kurudia, anapendeza kutazama lakini anatozwa kila mara. Na akiinua mno, mbawa zinapoteza nguvu ya kuinua, pengwini anasimama hewani kisha anaporomoka kama jiwe. Umbali mrefu unapatikana kwa pembe moja ya kunyiririka, pua ikiwa chini kidogo, isiyobadilikabadilika. Itafute kwa subira: raundi moja pua chini zaidi, nyingine juu zaidi, hadi uipate. Mbizi ni ya mara moja, mwanzoni, kama umerushwa juu bila kasi ya kutosha.

Waangalie kaloli wa Kampala, wale ndege wakubwa wenye vipara wanaoshinda kwenye majalala. Asubuhi wamesimama. Jua likipasha lami na mabati joto, hewa inaanza kupanda, nao wanaingia humo, wanazunguka na kupaa hadi wanakuwa vidoti, bila kupiga mbawa. Huko juu wananyiririka kwa mstari kuelekea safu nyingine ya hewa moto. Kimo chao wamepewa bure. Kwenye gemu kimo cha bure kipo tu kama mwandishi ameweka: upepo, puto, wingu la kukurusha. Kama kipo, kupitia humo ukiwa polepole kunakufaidi zaidi, maana unakaa ndani muda mrefu. Kama hakipo, usikitafute.

Maana hizi ni dunia ambazo sheria zake ameziandika mtu. Pale Kayabwe, kwenye barabara ya Masaka, watalii huoneshwa maji yakizunguka upande mmoja kaskazini mwa ikweta na upande wa pili kusini, hatua chache tu. Ni maonyesho mazuri, ila kwenye beseni nguvu ya mzunguko wa dunia ni ndogo mno kufanya hivyo. Anayemimina maji ndiye anayeamua. Mvuto halisi hapo ikweta ni kama 9.78 (mita kwa sekunde, kila sekunde), kidogo pungufu kuliko kule nchani mwa dunia ambako ni 9.83. Ndani ya gemu, mvuto ni namba iliyochapwa na mtu, na unaweza kukuta amechapa nyingine kwa kila leveli. Fizikia ya darasani inakupa umbo la mambo. Namba zenyewe unazitafuta kwa kidole.

Kwenye gemu za kurushwa kuna pia duka: pesa unazopata unanunua mteremko mrefu, mbawa, roketi. Watu hukimbilia roketi. Mimi ningenunua kwanza kinachopunguza ukinzani au mbawa bora, kwa sababu hicho kinakulipa kila sekunde uliyo hewani, na roketi ikija baadaye itakuta mwili usiopoteza kila inachosukuma. Roketi yenyewe iwashe ukiwa mlalo, kasi ikianza kupungua. Ukiiwasha mwanzoni kabisa ambapo tayari uko kasi, unalisha hewa mafuta yako.

Kuhusu bando, kwa kuwa tangu Julai 2021 data yetu hapa Uganda ina ushuru wa asilimia 12 juu yake. Gemu nyingi za namna hii zikishapakia hazihitaji mtandao tena. Kinachoendelea kula data ni matangazo. Fungua ukurasa, subiri raundi ya kwanza ianze, kisha zima data ucheze. Usiguse kitufe cha kupakia upya, na usifungue kurasa nyingine nyingi, kwa sababu simu yenye kumbukumbu ndogo itaufuta ukurasa wako kimyakimya na ukirudi itataka kuupakia tena. Nyingine hukataa kuanza raundi mpya bila tangazo. Hizo zina gharama, na wewe ndiye unayejua kama zinastahili.